Mnara Ambao Jana Sikuupanda

Nerio Gamberini,
Via del Pratello,
Bologna.
Jumatatu, 9 Juni 1986

Mpendwa mpwa wangu Ivano,

Kabla ya salamu, ijue kwanza bahati uliyonayo: unaandikiwa na mtu ambaye mji huu wa Bologna hauthubutu kufungua madirisha asubuhi kabla yeye hajakohoa. Nikichelewa kitandani, mwokaji mikate anadhani ni sikukuu. Mtu wa namna hiyo kupata nafasi ya kushika kalamu si jambo dogo, kwa hiyo isome barua hii ukiwa umekaa vizuri.

Haya, sasa salamu. Hujambo, mwanangu? Mama yako, dada yangu Argia, hali yake? Miguu bado inamvimba? Na mchumba wako Graciela, na baba yake mheshimiwa mwalimu mkuu, wote wazima? Huko Rosario, Argentina, baridi imeanza? Sisi huku hatujambo, isipokuwa joto. Mkaza mjomba wako Iole nyonga imetulia, anapanda ngazi bila kunilaumu. Mboga za majani zimerudi sokoni baada ya ile marufuku ya wingu la sumu ya nyuklia kutoka Urusi. Wingu lenyewe, nakwambia wewe tu, lilipofika juu ya bustani yangu lilinikuta nimesimama na jembe, likakata kona kuelekea Modena.

Kuhusu mpira wa juzi juzi wa Kombe la Dunia, Italia na hao wenyeji wako, tusigombane. Sare ni sare.

Mimi afya ninayo ya ng'ombe dume, ila situlii. Naandika nimesimama, karatasi iko juu ya friji. Nikikaa, miguu inacheza yenyewe chini ya meza mpaka vikombe vinagongana. Iole anasema nina minyoo. Leo nimeshuka chini kutembea kwenye baraza ya matao mpaka kona, nikarudi, nikashuka tena, mpaka fundi viatu akaniuliza kama nimepoteza ufunguo. Nikamwambia natafuta hewa. Ni joto tu, usitie wasiwasi.

Sasa lile jambo lako. Uliandika kwamba Julai mnakuja, na kwamba Don Eusebio, huyo baba mkwe wako mtarajiwa, anataka kuutembea mji kwa miguu na kupanda ule mnara mkubwa, Asinelli, pamoja na mimi, kwa kuwa umemwambia mjomba wako ni mtu aliyesoma na anaujua mji jiwe kwa jiwe. Ulimwambia vizuri sana. Nami nilikujibu siku ile ile: aje. Lakini nilifanya kosa la kuisoma barua yako kwa sauti kilabuni, na Gualtiero alikuwepo.

Shemeji yangu Gualtiero unamkumbuka, kaka yake Iole, yule fundi mapaa mwenye kichwa kama tikiti maji. Tangu nimuoe dada yake, kazi yake ni kunipunguza. Aliweka karata zake mezani akasema, watu wote wakisikia, "Nerio, wewe huwezi kumwongoza mtu kutoka kitandani mpaka chooni. Huyo mwalimu mkuu atakufunua kabla kahawa haijapoa."

Nikamjibu kwamba Jumapili kilabu kina matembezi ya mjini na mwongozaji wa kweli. Twende wote, anipime njia nzima, na mwisho nitapanda mnara nimpungie kitambaa kutoka juu. Akasema sawa, na nikishindwa atakuandikia yeye mwenyewe umtafutie Don Eusebio mjomba mwingine. Kwa hiyo elewa, Ivano: jana sikutoka kujifurahisha. Nilitoka kulinda jina lako na langu.

Mwongozaji alikuwa binti mmoja, Fosca, mwembamba, sauti kama kengele, na mwavuli wa kijani aliounyanyua juu kana kwamba anaswaga bata. Karibu sote tumezaliwa humu humu, na ile haya ya kutembezwa kwenye mji wetu kama wageni ilitufanya tutembee tukitazama viatu. Mimi sikuona haya. Nilikaa mbele, na kila alichosema nilitikisa kichwa kumthibitishia.

Kwenye uwanja mkuu Fosca alikatiza katikati na bata wake wote. Mimi nikaambaa pembeni, chini ya matao, nikauzunguka wote. Gualtiero akapaza sauti kuniuliza kama nimeona polisi. Nikamwambia uwanja mtu anayeujua huuingilia masikioni, hauingilii puani. Mama mmoja muuza vifungo alitikisa kichwa kama aliyefundishwa kitu.

Pale kwenye chemchemi ya Neptuno nilibaki nyuma kidogo kukagua mabomba. Waliniita nikawaambia nakuja.

Kutoka hapo tukaingia chini ya lile dari la mviringo la jumba la zamani la watawala, penye pembe nne. Utakuwa umepasahau. Ukisimama pembe moja ukauelekea ukuta, ukanong'ona, sauti inapanda darini na kumshukia aliye pembe ya mkabala kama vile umemwekea mdomo sikioni, na waliosimama katikati hawaambulii kitu. Fosca alisema inasimuliwa kwamba zamani mapadri waliwaungamisha wakoma kwa njia hiyo, bila kuwasogelea. Kila mtu akajaribu. Gualtiero akaniambia kupitia ukutani kwamba suruali yangu imepasuka nyuma. Haikuwa imepasuka, lakini nilishika.

Kundi lilipotoka, nilijichelewesha. Nikatazama pembe ya mkabala, haina mtu. Nikaugeukia ukuta nikaunong'oneza maneno machache, ombi langu mwenyewe kwa Mungu, fupi tu. Nilipogeuka, Gualtiero alikuwa amerudi kunitafuta, na ameinama kwenye pembe ile ya mkabala anafunga kamba ya kiatu. Akanyanyuka polepole. Hakucheka. Alisema tu kwamba tunaachwa. Tangu hapo hakunitania tena, na hilo lilinitia joto kuliko matani yenyewe. Kila nikigeuka nakuta ananitazama kama paa analotaka kujua linavujia wapi.

Nami nikiwa hivyo, mdomo haufungiki. Tulipofika kwenye ile baraza ndefu ya mbao, Fosca akatuonyesha mishale iliyokwama darini. Alisema kuna hadithi ya wapiga mishale waliotumwa kumuua bwana mmoja mkubwa, wakati wanavuta upinde mwanamke akatokea dirishani bila nguo, mikono ikawatetemeka wote, mishale ikaishia juu. Nikamwambia yule mwanamke ni wa ukoo wetu, upande wa bibi, na mpaka leo wanawake wa kwetu hawasogei dirishani kwa kuheshimu usalama wa umma. Nikaongeza habari ya ule mwaka wa ukungu mzito, nilipoegemeza baiskeli yangu kwenye ukungu wenyewe na ikakaa wima mpaka nikamaliza kunyolewa.

"Mzee Nerio," Fosca akasema, "hiyo damu ya kuwakosesha watu shabaha bado unayo. Mimi nimeshasahau nilikuwa naeleza nini."

Walicheka. Gualtiero peke yake hakucheka.

Basi tukafika mguuni pa mnara. Wenyewe unaujua ulivyo: ukiutazama kutoka chini, shingo inalia. Fosca akasimulia jambo ambalo hapa kila mtu analijua tangu utotoni, kwamba mwanafunzi hapandi mnara huu kabla hajamaliza masomo, akipanda hatamaliza kamwe. Ndiyo sababu hiyo hiyo, akasema, wanafunzi hawakatizi uwanja mkuu katikati. Watu wakasema wao hawana hofu, shule waliiacha zamani na yenyewe haikuwaulizia. Wakaanza kuingia kwenye kile kimlango mmoja mmoja.

Mimi nikasimama. Nikasema viatu ni vipya. Nikasema jua la saa hizi si la kupanda. Nikasema mnara huo nimeupanda mpaka wenyewe umenichoka. Fosca, bila ubaya wowote, akaniuliza, "Na kile kitambaa, mzee Nerio?" Maana habari ya kitambaa ilikuwa imemfikia. Waliokuwa mlangoni wakarudi nje. Wakanitazama mimi, kisha wakamgeukia Gualtiero, wakingoja amalize kazi. Ilikuwa nafasi yake, Ivano, ile aliyoitafuta tangu siku ya harusi yangu. Ningekuwa yeye, nisingeiacha ipite.

Gualtiero akavua kofia akajifuta kipara.

"Mwacheni," akasema. "Ni mimi. Nikitazama tu huko juu kichwa kinanizunguka, naweza kuanguka hapa hapa. Nimemwomba shemeji abaki anishike, nanyi mnamsumbua."

Wakamcheka kweli kweli. Mtu aliyezeeka juu ya mapaa ya watu. Muuza vifungo akamwambia yuko tayari kumshonea sketi. Naye akaitikia, akayameza yote, akajikokota mpaka kwenye ukingo wa jiwe akakaa kama mgonjwa. Nikakaa kando yake. Wenzetu wakapanda, sauti zao zikapotea ndani ya ngazi za mbao.

Nilikaa natikisa mguu. Akaniwekea mkono gotini, mguu ukatulia.

"Alhamisi saa ngapi?" akauliza.

"Saa mbili asubuhi."

"Iole anajua?"

"Anadhani nina minyoo."

Akawaza kidogo. "Nitakuja na gari. Tutamwambia tunakwenda kutazama vigae." Kisha akanisogelea. "Na ukithubutu kusema kilabuni kwamba nilikushika goti, nitakuvunja hilo hilo."

"Wewe ndiye mgonjwa," nikamwambia. "Aliyekuwa anashika ni mimi."

Hapo ndipo akacheka, na mimi nikacheka, mpaka walioko juu wakachungulia na kutupungia. Hatukuwa na kitambaa cha kuwajibu. Nilikuwa nimekitumia kujifuta jasho.

Kwa hiyo kuhusu Julai: kama nitapanda na Don Eusebio, au nitabaki chini nikimsubiri na goti bovu, nitajua wiki hii. Usimwambie kitu bado. Mwambie tu mjomba wako ana shughuli nyingi, na hilo ni kweli tupu.

Msalimie sana Argia, mwambie ainue miguu juu ya kiti jioni. Msalimie Graciela, mwambie Iole ameshaanza kuhesabu mayai ya tambi za siku mtakayofika. Msalimie Don Eusebio kwa heshima zote, na yule jirani yenu mzee Primo kama bado anamkumbuka mtu. Gualtiero naye anakusalimu, safari hii bila neno baya. Mungu akulinde kila hatua na akulete salama mpaka mlangoni kwangu.

Ni mimi, mjomba wako ambaye kukupenda hakumchoshi,

Nerio

Tena: nilikuwa nimeshafunga bahasha, nimeifungua. Iole ametoka, kwa hiyo naandika haraka.

Alhamisi nina mtihani. Ni wa cheti cha darasa la nane, Ivano. Mimi niliishia la tano. Tangu Oktoba, zile jioni ninazomwambia Iole ni za mikutano ya chama cha wafanyakazi, nakaa kwenye dawati linalonibana magoti, nafundishwa na mwalimu anayeweza kuwa binti yangu. Nilijiandikisha wiki ile uliyoandika kwamba baba mkwe wako ni mwalimu mkuu. Historia naiweza, mahali nisipojua natunga. Kinachoniua ni hesabu za sehemu. Nilichounong'oneza ukuta ni hiki: "Alhamisi nisaidie kwenye sehemu, mengine nitajitetea mwenyewe."

Najua mwiko wa mnara ni wa wanafunzi wa chuo kikuu. Lakini mnara umezeeka, hauoni vizuri, ungeweza kukosea ukanihesabu na wao.

Na kule chemchemini sikuwa nakagua mabomba. Wanafunzi huizunguka mara mbili kabla ya mtihani, kinyume cha saa. Niliizunguka mara mbili. Halafu nikaizunguka tena mara mbili kwa upande wa pili, kwa sababu nilipokuwa pale sikuwa na hakika kinyume cha saa ni kuelekea wapi.