Siri ya Pakiti ya Kaka Magesa

Jumatatu, 3 Machi
Vidonge vitatu, chai, mazoezi. Kufunga na kufungua vifungo vya blauzi kwa mkono wa kulia. Huu ni mwaka wa pili tangu kiharusi. Cherehani naiendesha bado, pale mtaa wa Mukendo, polepole. Kliniki wanasema presha imetulia ila nisiache dawa hata nikijisikia mzima. Aliyepata cha kwanza, cha pili kinamnyemelea. Kaka Magesa naye ameambiwa hivyo kule Bunda. Chake alikipata mwaka jana.

Jumamosi, 8 Machi
Butiama, kujengea kaburi la mama. Kaka amekuja bila fimbo. Nyama ameiongezea chumvi mara mbili. Nilifungua mkoba wake kutafuta leso, nikakuta dawa zake. Pakiti nzima. Hajagusa kidonge hata kimoja tangu Januari.

"Mtu akishapona anaachaga," akasema. "Usimwambie wifi yako. Atanisumbua."

Nimekubali. Siku ile yangu, yeye ndiye aliyenibeba mgongoni mpaka hospitali. Nitamkataliaje?

Jumatano, 12 Machi
Nimeharibu sare tatu za shule. Akili haipo. Simu nimeishika, nikaiweka.

Ijumaa, 14 Machi
Kaka amepiga, anacheka. Jana jicho la kushoto liliingia giza kama dakika tano, likafunguka lenyewe. Anasema ni jua la shambani, kwenye pamba. Sikucheka. Mimi nilianza hivyohivyo. Siku mbili baadaye nilikuwa sakafuni. Nimemwambia aende hospitali leo hii.

"Nitaenda Jumatatu, dada."

Wifi Nyangeta bado hajui. Mimi ni mwoga.

Jumamosi, 15 Machi
Saa moja asubuhi nimempigia wifi. Nimesema yote.

"Umejua tangu lini?"

"Wiki sasa."

Akakata. Akatoka kwenda kumtafuta mumewe zizini. Amemkuta ameegemea ukuta, mdomo umepinda, ng'ombe wanamzunguka.

Jumapili, 16 Machi
Wodini, Bunda. Upande wa kulia wote umekufa. Hasemi. Daktari anasema lile giza la jicho ndilo lilikuwa la kukimbilia hospitali, saa ileile. Wifi alisikia. Hakunigeukia.

Usingizi sina. Naukunja mkono wangu, naukunjua. Naupima.

Alhamisi, 20 Machi
Nimerudi kwangu Kigera. Nimempigia wifi mara nne. Hapokei. Ana haki.

Jumapili, 23 Machi
Kaka ameruhusiwa. Nimekwenda kwao Nyasura bila kuitwa. Nimesimama mlangoni muda mrefu. Wifi alikuwa anamwogesha kitandani, peke yake. Kaka aliniona. Jicho lake lilijaa machozi, na mimi nikamwambia nisamehe. Sijui kama ameelewa.

Anatakiwa kugeuzwa kila baada ya saa mbili, asipate vidonda.

"Shika mabega," wifi akasema. "Mimi nitashika miguu."

Tukamgeuza. Tukanyoosha shuka. Nikabaki.