Mwezi wa Sweta Uliokataa Kuisha

Mpendwa dada Nasimiyu,

Sasa? Usijibu, najua huwezi. Nakuandikia mbele ya watu kwa sababu kule Tandiro habari za serikali husomwa hadharani, na mimi bado ndiye jemadari. Na usicheke mwandiko. Niliacha shule kidato cha pili lakini Kiswahili kilikataa kuniacha. Waulize wasichana wa hapa Mwihoko.

Wacha nikukumbushe mwanzo wa Tandiro, ndio na wanaotusomea barua wasipotee. Mama alituambia kwamba kwao Bungoma mtoto hupewa jina la majira: wewe Nasimiyu kwa kuwa ulizaliwa kiangazi, mimi Wafula kwa kuwa mvua ilikuwa inanyesha. Ukakaa kwenye kitanda cha juu ukasema, "Kumbe sisi ni kalenda. Tunakosa nchi tu." Ukaitunga nchi hapo hapo, Tandiro: malkia ana ndevu, milima inahama ikikasirishwa, mbuzi ndio mahakimu. Nilitaka ufalme, ukasema sura haitoshi, ukanipa ujemadari.

Lakini kitu chako hasa kilikuwa miezi. Tandiro haihesabu siku. Mwezi unaisha tu mwingine ukionekana. Mwezi wa Vumbi. Mwezi wa Kumbikumbi. Mwezi wa Ploti Tupu, wapangaji wote wakienda ushago, vijijini kwao, Krismasi na choo kinakuwa chetu peke yetu. Mwezi wa Sweta, ile baridi ya Julai inayofanya Ruiru nzima itoe moshi mdomoni. Sheria ilikuwa moja. Anayeuona mwezi mpya anasema, "Nimeuona." Mwingine akiridhika anajibu, "Basi uingie." Asipojibu, mwezi wa zamani unaendelea, hata dunia yote ikatae.

Unakumbuka ulivyozuia Ploti Tupu isiishe? Shule zimefunguliwa, wapangaji wamerudi na kuku na viazi vitamu, choo kina foleni, na wewe bado unaniambia, "Sijaridhika." Na mimi siku niliyofunga bao kule Gatongora, bao ambalo kipa hajaliona hadi leo, nilirudi nikitangaza Mwezi wa Wafula Mshindi. "Nimeuona!" Ukanitazama kuanzia chini hadi juu. "Mimi naona kijana ananuka soksi." Mwezi huo haujaingia mpaka leo.

Ulituacha katika Sweta. Kikohozi kile ulichosema ni cha vumbi kikakupeleka hospitali, Thika, na siku ya mwisho ukaniagiza chapati. Niliporudi nazo kitanda kilikuwa kimetandikwa. Nilizila kwenye ngazi, zilikuwa bado moto. Tukakuzika nyumbani, nikabeba jeneza upande wa mbele, watu wakasema kijana ana nguvu. Ni kweli ninazo. Sikulia. Sikuwa najikaza, dada. Niliyatafuta machozi nikakosa, kama mtu anayepapasa mfuko wa suruali ya mwenzake.

Tuliporudi Mwihoko majirani hawakujua wamwite mama nani. Mama Njeri wa mlango wa pili akajaribu, kwa huruma tu, "Mama Wafula, habari ya safari?" Mama akaweka ndoo chini. "Nilienda nikiwa Mama Nasimiyu, na ndiye amerudi." Hakuna aliyejaribu tena.

Mimi nikabaki kwenye Sweta. Vumbi lilikuja, nikaliona, nikanyamaza. Ningemtangazia nani? Halafu, nikuambie, ilinifaa. Ule mwezi wewe ulikuwa ndani yake. Ukiisha, unabaki nyuma peke yako. Basi nikawa navaa sweta kazini, jua linawaka, pale Ruiru ninapoosha malori (na hakuna anayeosha lori kama mimi, kuna madereva wanapita karwashi tatu wakinitafuta). Wenzangu wananiuliza, "Wafula, umemeza friji?" Nawajibu, "Nyinyi damu yenu ni ya bei rahisi, haiwezi kuelewa." Wanacheka, nacheka. Hawakujua kwamba sisikii baridi wala joto, na chakula nakitafuna tu kwa sababu kiko mdomoni.

Juzi mvua ilinyesha mchana ikakatika. Jioni kumbikumbi wakaanza kutoka ardhini nyuma ya ploti, wakapanda kama moshi wenye mabawa. Mama akatoka mbio na beseni la maji, leso kiunoni. Sikuwa nimemwona akikimbia tangu tukuzike.

"Ngai! Mama Nasimiyu," Mama Njeri akapiga kelele, "kweli mnakula hao wadudu?"

"Leta sahani, maswali acha huko."

Mimi nilikuwa mlangoni, naangalia tu. Mama akaja na beseni lake limejaa, mabawa yamemganda hadi kwenye viwiko, akasimama mbele yangu.

"Nimeuona," akasema.

Nikajifanya sijasikia.

"Jemadari. Nimeuona."

"Mama, wewe si raia wa Tandiro."

"Ala! Miaka hiyo yote mnanipigia kelele nikisonga ugali hapo hapo, ulifikiri mimi nilikuwa nchi gani?" Kisha akashusha sauti. "Wafula, baba, nimechoka na hiyo Sweta yako. Huko siwezi kukufuata. Mmoja ameenda, na wewe nakuona mlangoni na haupo. Nijibu."

Nilitaka kumwambia sijaridhika. Neno hilo lilikuwa lako na lilikuwa tayari kwenye ulimi. Lakini beseni lilikuwa limemwinamia, maji yananimwagikia miguuni.

"Basi uingie," nikasema.

Hakuna kilichotokea, dada. Kifua hakikufunguka, machozi hayakuja. Mama aliingia ndani akawakaanga, tukala. Mama Njeri alionja mmoja akiwa amefumba macho, halafu akaomba sahani ijazwe. Mimi ladha sikuisikia sana. Chumvi niliisikia.

Kwa hivyo hapa kwetu sasa ni Kumbikumbi. Ndio mwezi wa kwanza wa Tandiro ambao wewe hukuuona. Nimeona nikuandikie mwenyewe, usije ukaambiwa na watu wengine.

Pumzika, dada.

Mdogo wako,
Wafula