Neno Alilonipa Mzungu wa Karakana

Jumatatu, 10 Februari 1964

Nimenoa patasi zote sita kabla ya saa mbili asubuhi. Ile ya nusu inchi imeanza kuwa fupi kama kidole gumba. Dirisha mbili za nyumba ya karani zimekwisha. Mvua hakuna.

Mzungu wetu wa karakana ameondoka Ijumaa. Amerudi kwao kabisa, ameuza hata kitanda. Karakana itafungwa mwisho wa Machi. Kila fundi kaachiwa barua yake ya sifa ndani ya bahasha. Yangu fupi kuliko zote. Nimeisoma mara nne. Inasema mimi ni seremala wa daraja la kwanza, mwaminifu, sinywi, tena ni *cross-grained*. Basi. Sahihi yake chini.

Miaka tisa, na mistari mitatu.

Jumatano, 12 Februari

Hilo neno la mwisho nalijua kwa mbao, si kwa mtu. Ni mbao ambayo nyuzi zake hazilali upande mmoja. Zinapishana, hizi zinapanda, hizi zinashuka. Ukipiga randa kutoka huku inachimbika, ukigeuka kule inachimbika vilevile. Mvule una tabia hiyo sana. Dawa yake ni chuma kikali, kukata kidogo kidogo kwa mshazari, kisha kumalizia kwa kipande cha kioo. Lakini mbao hiyo haipasuki kirahisi. Shoka linarudi.

Kwa hiyo ni sifa. Mtu asiyepasuka. Mzungu yule hakuwa na maneno mengi, ila kwa mbao alikuwa na macho. Nimefurahi kuliko nilivyotegemea.

Kuna shule mpya ya harambee inajengwa njia ya kwenda Migori. Wanatafuta mwalimu wa useremala. Leo nimewaandikia kwa Kiingereza. Nimeiambatisha barua ya mzungu, na mimi mwenyewe nimeongeza kwa mkono wangu: mimi ni mtu *cross-grained*, na kazi yangu ni hivyohivyo. Sentensi imekaa vizuri. Nimeipeleka posta mwenyewe.

Jumapili, 16 Februari

Shemeji amekuja kutoka Rusinga na dagaa wa omena debe moja. Yeye ni mjenzi wa mashua kama marehemu baba yao. Mke wangu, Nyar Rusinga, yaani binti wa Rusinga, hukaa na kaka yake huyu jikoni wanacheka siku nzima, na mimi huachwa nje na kiti.

Nilimwita nimuulize. Mbao ya nyuzi zinazopishana, ninyi wa mashua mnaionaje? Akasema ndiyo wanayoitafuta kwa ajili ya pua ya mashua, pale misumari inapojazana. Mbao iliyonyooka ukiigongea misumari saba inafunguka. Ile haifunguki. Mtu anaweza kutembea siku mbili kutafuta kipande kimoja cha mti wa ober chenye nyuzi kama hizo.

Nililala nikiwa mtu mkubwa.

Jumatano, 26 Februari

Nilikuwa yadi ya mbao ya Kanji hapa Homa Bay kuchukua misumari. Alikuwa anachagua mvule. Ubao mmoja mpana, mzuri kwa rangi, kautupa kwenye rundo la kuni. Nikamuuliza una nini. Akasema, "Hii iko cross-grain, fundi. Hapana taka. Watu naleta rudisha, nasema Kanji mwizi."

Nikamwambia kwa mashua ni dhahabu. Akasema yeye hauzi mashua.

Ubao uleule. Shemeji angeubeba begani, Kanji anautupa, mimi ningeukwangua kwa kioo mpaka ung'ae. Nimelirudia jambo hili njia nzima hadi Rangwe. Neno moja, watu watatu, kila mmoja na lake. Sasa yule mzungu alikuwa wa upande gani? Hakuwa mjenzi wa mashua.

Ijumaa, 28 Februari

Nimemuuliza karani wa karakana. Amesema maana yake ni mtu aliyechanganya damu. Nikamwambia baba yangu na mama yangu wote ni Wajaluo wa Rangwe. Akasema basi labda ni ugonjwa.

Karani huyu ndiye aliyetuandikia barua za likizo miaka yote hii. Sasa naelewa kwa nini zilikuwa zinarudi.

Alhamisi, 5 Machi

Nimekwenda misheni ya Wakatoliki. Mimi Msabato. Nilipita njia ya nyuma ili mzee wa kanisa letu asinione, kisha nikakutana naye papo hapo akiuza mbuzi wake kwa mpishi wa mapadri. Tulisalimiana kila mtu akitazama viatu vyake.

Padri ni mzee, Mholanzi, ana kamusi nene isiyobebeka kwa mkono mmoja. Alifurahi kuulizwa. Nadhani watu humwuliza mambo ya dhambi tu. Alitafuta kwa kidole, akasoma kimya, akaniangalia, akasoma tena.

Maana ya kwanza ni ya mbao, kama nijuavyo. Ya pili ni ya mtu. Mkaidi. Mbishi. Mgumu kuelewana naye, mwenye kununa. Alinifafanulia polepole kwa Kiswahili chake, kama daktari anayempa mtu habari za mguu wake. Alisema neno hilo ni la zamani, vijana wa Ulaya hawalisemi tena.

Uso ulinishuka. Nimewaandikia watu wa shule kwa mkono wangu mwenyewe kwamba mimi ni mkaidi na mbishi, na kwamba kazi yangu ni hivyohivyo.

Ijumaa, 6 Machi

Sikulala vizuri. Nimekosea kipimo cha mlango kwa nusu inchi, kosa ambalo sikumbuki nililifanya lini mara ya mwisho.

Najua ametoa wapi neno lake. Ni ile milango ya zahanati. Alitaka milango minane kwa wiki moja na mbao zilizokuwapo zilikuwa mbichi, ukizibana zinatoa maji. Nilikataa. Akasema ni amri. Nikasema amri haikaushi mbao. Mafundi wote waliinama wakajifanya wanatafuta msumari. Alifanya milango ile na fundi mwingine, ikapinda kabla miezi miwili haijaisha, nikatumwa kuifanya upya. Hakusema samahani wala mimi sikusema, "Nilikwambia." Tuliendelea kufanya kazi.

Nina hasira naye. Angeweza kuandika wazi kwamba huyu ni mkaidi, mtu akajua. Kwa nini achukue neno la benchi letu?

Jumanne, 10 Machi

Hasira imepungua, udadisi umebaki. Nimekuwa nikikusanya. Kijaluo chetu mkaidi ni *wiye tek*, kichwa chake kigumu. Kiswahili pia kichwa kigumu. Karani wetu mwingine anatoka Kuria, anasema kwao pia ni kichwa. Sisi sote tumetazama kichwa. Waingereza wametazama ubao. Labda zamani walikuwa na maseremala wengi wenye hasira.

Tena ugumu wa kichwa ni kitu kimoja, jiwe tu. Mbao hii si ngumu. Hata mti laini unaweza kuwa na nyuzi za kupishana. Shida yake ni kwamba haikubali njia moja. Nimejichunguza. Ni kweli mimi si mtu mgumu. Nyar Rusinga akilia nalainika mara moja. Ila njia moja sikubali.

Yule mzungu alikuwa anapapasa kila ubao kwa kiganja kabla hajaukata, kama mtu anayepima homa ya mtoto. Inawezekana alijua hasa alichoandika. Inawezekana alinitukana. Yuko melini, siwezi kumuuliza. Hili linanisumbua kuliko tusi lenyewe.

Jumapili, 15 Machi

Nimemwambia mke wangu. Alicheka mpaka akakaa chini. Alisema kumbe mzungu alihitaji miaka tisa na karatasi, yeye alijua kabla ya ng'ombe wa mahari kufika kwao. Kisha akaacha kucheka ghafla akauliza, "Na barua umeshatuma?"

Nimeshatuma.

Hajacheka tena leo.

Jumanne, 24 Machi

Wameniita. Jumatano tarehe 8 Aprili, mbele ya kamati. Tuko wawili, mimi na fundi mmoja kijana aliyesomea Kisumu.

Na jambo jingine wameandika ambalo sikulijua. Mtoto wa mwalimu wa shule hiyo hupewa nafasi ya kidato cha kwanza bila kungoja. Akoth wangu alifaulu mtihani wa darasa la saba, na kila shule imetuambia imejaa. Tangu Januari yuko nyumbani anafagia ua uliokwisha fagiliwa. Nilipomsomea sehemu hiyo ya barua alikwenda akachukua sare ya zamani ya dada yake akaanza kuifumua pindo.

Nyar Rusinga amenipa agizo moja. Wakiuliza lolote, niseme ndiyo.

Jumanne, 31 Machi

Karakana imefungwa. Kufuli ni jipya. Nimebeba vifaa vyangu nyumbani kwa safari tatu. Sina kazi. Ni mara ya kwanza tangu nilipotoka utotoni. Mvua imeanza.

Jumatano, 8 Aprili

Niandike upesi kabla sijaanza kujisifu au kujidanganya.

Mwenyekiti wa kamati ni mzee mfugaji, mpole, anavaa koti juu ya koti. Pembeni yake mwalimu mkuu, mtu wa vitabu. Mwalimu mkuu aliisoma barua yangu kwa sauti, na alipofika kwenye lile neno akasimama. Akaniuliza kama najua maana yake. Nikasema sasa ninajua, nilipoandika sikujua. Akacheka. Mwenyekiti akataka aelezwe, akaelezwa kwa Kijaluo, naye akacheka. Nilidhani mabaya yamekwisha.

Wakanipeleka nje. Chini ya turubai kuna mbao za madawati, rundo kubwa, zimetoka juu Kisii wiki iliyopita. Nikaweka kiganja. Baridi. Nikabonyeza kwa ukucha, maji yakatoka. Mbichi kabisa.

Mwenyekiti akasema, "Shule inafunguliwa tarehe nne mwezi wa tano, fundi. Tunataka dawati arobaini. Utaweza ama hutaweza?"

Fundi wa Kisumu alikuwa ameshajibu. Wiki tatu, alisema.

Nilimwona Nyar Rusinga wazi kama amesimama pale. Nilimwona Akoth na pindo lake. Nilifungua mdomo niseme ndiyo. Naapa nilikuwa nimekwisha kuitengeneza ndiyo yenyewe. Ikatoka, "Hapana, mzee. Mbao hizi zipangwe chini ya paa na vijiti katikati, zikauke hadi Oktoba. Nikizipiga sasa, Krismasi zitakuwa zimepinda na viungo vimeachana, na watoto watakuwa wanakalia misumari."

Mwalimu mkuu akauliza watoto watakalia nini hadi Oktoba. Nikasema sijui, mimi ni wa mbao tu.

Lingekuwa jibu zuri zaidi kama ningekuwa na jibu.

Nimefika nyumbani jioni nimelowa. Sikuingia moja kwa moja. Nilizunguka nikawafungia mbuzi waliokwisha fungwa.

Ijumaa, 10 Aprili

Nyar Rusinga ananipa chakula na haniongeleshi. Akoth ameikunja sare akairudisha kwenye sanduku. Hakubamiza kifuniko wala hakununa. Ningependa abamize.

Mimi ni baba mbaya na fundi mzuri. Au ni mkaidi tu, na yote mengine ni maneno ya kujitetea. Siku mbili hizi nimejiuliza kama kweli ilikuwa mbao au ilikuwa raha ya kusema hapana mbele ya watu. Nimechunguza vizuri. Raha ilikuwapo. Kidogo, lakini ilikuwapo.

Mbao nazo zilikuwa mbichi.

Jumamosi, 11 Aprili

Sabato. Mahubiri marefu. Sikusikia kitu.

Jumanne, 21 Aprili

Barua imekuja. Nilimpa Akoth aifungue kwa sababu mikono yangu ilikuwa na gundi. Si kweli, haikuwa na gundi.

Nimepewa kazi. Akoth amepewa nafasi. Kamati imekubali mbao zikauke hadi Oktoba, na fundi wa Kisumu ameambiwa asante. Nyar Rusinga alipiga kelele moja ya furaha akaenda kuchinja kuku bila kuniuliza yupi.

Nimeusoma mstari wa mwisho baada ya wao kutoka. Wanafunzi watakaa chini kwa mihula miwili. Wazazi wamekutana na hawakufurahi. Wamearifiwa kwamba jambo hili limetokana na ushauri wa fundi.

Jumatatu, 4 Mei

Shule imefunguliwa. Mvua usiku kucha, asubuhi kukavu.

Wanafunzi thelathini na wanane. Mikeka ya matete, mingine magunia yaliyopasuliwa. Wazazi walisimama dirishani, ambalo bado ni tundu tu, wakinitazama. Mama mmoja alimtandikia mwanawe kanga yake mwenyewe, akainyoosha pembe zote nne, kisha akainua macho akanitafuta. Sikuyakwepa. Ilikuwa vigumu.

Akoth aliingia na wenzake. Alitafuta nafasi, akakusanya sketi, akaketi kwenye udongo ambapo mkeka ulikuwa umeisha. Akaweka daftari juu ya goti. Likateleza. Akaliweka tena.

Nilikuwa nimetayarisha maneno ya kufungulia. Nimeyasahau. Nilivua koti nikaketi chini pamoja nao, magoti yakalia, wachache wakacheka kwa kujificha. Kutoka kule chini ukuta ulikuwa mrefu sana na ubao wa kuandikia uko mbali. Nikawauliza mmoja mmoja jina lake.

Akoth naye alitaja lake, kama wengine.