Jeneza Alilobeba Baba

Jumapili, Garsen. Joto la leo halina adabu. Mawingu yamejazana upande wa Minjila tangu asubuhi, mvua hainyeshi wala jua halitoki, na mimi niko vivyo hivyo.

Kesho Omari anakuja kutoka Nairobi kuchukua kanda. Kazi yake ni kukusanya filamu za zamani na kuzihamishia kwenye kompyuta zisipotee. Kanda hii ni ya filamu yangu ya kwanza, tuliyoipiga hapa hapa mjini. Nakala nyingine zilikuwa katika duka la video lililochukuliwa na mafuriko. Imebaki hii moja, sandukuni mwa mama.

Tangu hapo nimeigiza polisi, walevi na wakwe wabaya, nikasifiwa Mombasa hadi Nairobi. Sokoni Garsen mimi ni yule yule. "Marehemu, umeamkaje?" Maana katika filamu hiyo niliigiza maiti.

Onyesho lenyewe lilikuwa rahisi. Waigizaji wanne wanibebe jenezani hadi kona ya barabara, basi. Tulichosahau ni kwamba hapa kwetu jeneza likipita mtu haulizi ni la nani. Mwanamume huacha alilonalo akakimbilia kutia bega, apate thawabu zake, maswali baadaye. Wakaja wenye maduka, wakaja wafugaji waliofuata dawa za ng'ombe. Kamera ilikuwa juu ya paa, hawakuiona. Nami ndani, chini ya kitambaa, nikasikia sauti ya baba ikiitikia "La ilaha illallah". Nikadhani ameombwa aigize. Hata nikafurahi.

Hakuwa ameombwa. Baba alinibeba bila kujua.

Alipoambiwa alicheka mpaka akakaa chini. Mama hakucheka. Alisema tumejitia uchuro, akapika sadaka, akawaita watoto wa madrasa wasome dua. Mwaka haukuisha, baba akafa. Mama hajawahi kunilaumu, lakini kanda aliifungia, na sharti lake kwa Omari ni moja: kipande cha jeneza kikatwe. Omari naye anasema hicho ndicho anachokifuata, kwani hakuna pengine Garsen ya zamani inapoonekana hivyo, watu wake wakiwa hawajui wanatazamwa.

Na hakuna pengine baba anapoonekana akitembea. Picha zetu zote amekaa, amekunja uso.

Leo baada ya adhuhuri nimeazima deki ya video nihakikishe kanda bado inacheza. Mama akasema yeye hatazami, akabaki mlangoni akipepeta mchele, amenipa mgongo. Jeneza likatokea. Baba akaingia mbiombio, kanzu imemtatiza, kofia inataka kuanguka, akisukuma watu apate nafasi. Ungo ukanyamaza.

"Hebu rejesha," mama akasema.

Nikarejesha. Akataka tena, na tena. Mwishowe alikuwa amekaa kando yangu, analia huku anacheka. "Nalimwambia kofia hiyo yampwaya. Hakusikia."

Nikadhani yamekwisha. Nikamwuliza, basi nimpe Omari yote? Akajifuta macho kwa leso.

"La. Hicho kipande niachie mimi. Baba yako hakuwa mwigizaji."

Ana haki. Baba hakuigiza, wala hakuna aliyemwomba ruhusa. Lakini ndiye aliyeifanya filamu ile iwe kitu. Kazi hii nimeifanya maisha yangu yote na sijawahi kuigiza vile yeye alivyotembea siku ile. Nikikata, nikifa mimi nani atamwona tena? Nisipokata, nitamtazamaje mama?



Jioni hii mama ametoa vikombe vya wageni, anavisuuza. Ameniuliza kama huyo Omari hunywa chai ya maziwa au ya rangi. Kisha, bila kunitazama:

"Na ile kofia, ilianguka mwishowe?"

Nimemwambia sijui. Kamera ilishageuka, nami nilikuwa nimefumba macho.