Salhiya Wakil, Aliyewajengea Katuni Nyumba

Mwaka umetimia, Salhiya, tangu ulipotutoka asubuhi ya Ijumaa, na penseli zako bado tunaziokota kila pembe ya nyumba ya Kiembe Samaki: kwenye kabati la vyombo, mfukoni mwa koti la mumeo, hata ndani ya birika.

Waliokuuliza kazi yako uliwajibu, "Nnawajengea katuni nyumba." Na ndivyo. Wenzako waliwachora wanyama na kuwapa mwendo. Wewe, mbunifu wa mandhari, uliamua wataishi wapi, mlango uweje, njia ipinde wapi, kivuli cha alasiri kiwe na rangi gani. Kwa ajili ya filamu ya familia ya kima punju, wale kima wekundu wa kwetu Unguja, ulishinda msitu wa Jozani wiki nzima, ukarudi umeumwa na mbu, huna mazungumzo ila ya mikia.

Ulikuwa mpole kwa kila mtu, lakini kazi hukuifanyia upole. Mkubwa wa kampuni ya ng'ambo alitaka kijiji cha filamu ile kiwe vibanda vya majani, na twiga kwa nyuma. "Watazamaji wamezoea hivyo," alisema. Ulimjibu kwenye simu, sote tukisikia: "Kwetu Jambiani hakuna twiga. Ukimtaka, tafuta mwengine wa kumchora."

Ukakata simu, ukakaa chini. Kazi uliyoiota tangu usichana ilikuwa mikononi mwa mtu yule. Mumeo Abdulrazak akakuuliza, "Sasa?" Ukasema, "Sasa nipikie chai."

Siku zikapita, hata yule bwana akapiga simu mwenyewe: anakuja kuona. Ulimpeleka Jambiani kwa mama yako. Akala pweza wa nazi mpaka akalegeza mkanda, akakaa barazani akiwatazama wanawake wanaanika mwani, nyumba za mawe ya matumbawe nyuma yao. Wakati wa kuondoka akasema, "Twiga basi, tumwache."

Filamu ilipokamilika ulitundika shuka uwanjani Jambiani, watu wa kwenu waione mwanzo. Mama yako, Bi Kidawa, alikaa mbele kabisa. Likatokea jiko la bibi wa wale kima: mafiga, mbuzi ya kukunia nazi, ukuta mweusi kwa moshi.

"Salhiya!"

"Naam, mama."

"Lile si jiko langu lile?"

"Ndilo, mama."

"Na ulimwengu mzima utaliona? Si ungenambia nikapaka chokaa!"

Uwanja mzima uliangua kicheko, ikabidi filamu ianzwe upya.

Hata maradhi hayakukunyang'anya mzaha. Muuguzi aliyekuja kukupima presha aliondoka na picha yake mwenyewe, umemvisha taji la malkia wa nyuki. Ameitundika kwake sebuleni.

Furaha ya mwaka huu tunakupa wewe mwanzo. Binti yako Nusrat ameajiriwa kuchora mandhari, kwenye meza ile ile uliyokuwa ukichorea. Walipomuuliza kajifunzia wapi, alijibu, "Kwetu, wakati wa chakula. Wali ulikuwa unapoa, mama anatuonyesha mawingu."

Mola akulaze pema, akunawirishie kaburi lako.

Tunaokukumbuka: mama yako Bi Kidawa, mumeo Abdulrazak, wanao Nusrat na Kheir, dada yako Mwatum, majirani wa Kiembe Samaki na jamaa wote wa Jambiani.

Hututoki moyoni, Salhiya, wala hutotutoka.