Mzee Haoni, na Kamera Ninaishika Mimi

Shangazi mpendwa, shikamoo, naomba unisaidie kabla sijafanya jambo nitakaloshindwa kulirudisha nyuma. Mimi ni mpiga picha wa filamu za maisha ya watu, zile zisizo na waigizaji, na mwongozaji wangu, ambaye sote tunamwita Mzee, alinifundisha kazi tangu sijui hata kufunga kamera kwenye stendi, na mtindo wake ni ule ule miaka yote, hamuulizi mtu maswali, anakaa naye tu kamera ikiwa ndani ya begi mpaka mwenyeji amzoee na kuendelea na shughuli zake, ndipo tunaanza. Sasa macho yamemwishia, Shangazi, mkewe anajua na mimi najua, basi.

Juzi tulikuwa chumba cha kufulia cha hospitali, mama mmoja dobi anasimulia kifo cha binti yake, nami nimemkazia kamera usoni, uso mkavu kabisa, nimeshakata tamaa, Mzee yuko nyuma yangu na hedifoni masikioni, akanigusa bega, akaninong'oneza, "Teremka kwenye mikono. Shuka ile ile anaikunja tena." Nikateremka, na kweli, mama anaikunja, anaikunjua, anaikunja tena, uchungu wote uko pale, na Mzee alikuwa ameusikia tu kwenye hedifoni.

Mkuu wa televisheni inayotaka filamu ijayo kasikia fununu, kanipigia kuniuliza kama Mzee bado anaona, maana kama haoni kiti cha mwongozaji ni changu, na mume wangu naye hanipi nafasi ya kupumua, anasema, "Wewe ndiye unayeona, yeye anakula jina tu." Mzee nampenda kama baba, lakini umri unakwenda na filamu yangu mwenyewe sina. Nijibu nini?

Mpiga Picha, Njia Panda

Marahaba, mwanangu. Nilipomaliza barua yako nilizima redio nikajaribu kuisikiliza nyumba yangu. Nikasikia bomba linavuja, basi. Huyo mtu wenu ni wa ajabu, na ninyi mnamzungumzia kama kiti kilichovunjika.

Mumeo anasema wewe ndiye unayeona. Ile shuka uliiona? Ulikuwa na macho mawili mazima, na lenzi juu yake, ukaikosa. Basi nani mwongozaji umeshajibu mwenyewe.

Ila Mzee naye simpambi. Kukubebesha siri ya macho yake amekuonea, kwa sababu riziki yako imo humo humo. Kutaka filamu yako si kosa. Kosa ni kuipata kwa kumchongea aliyekulea.

Kwa hiyo mkuu usimdanganye, wala usimjibu. Nenda kwa Mzee leo, mwambie umeulizwa, uongo hutasema, na kumsemea hutamsemea. Achukue kile kipande cha dobi, akawaoneshe watu wa televisheni, halafu awaambie kwa kinywa chake kwamba haoni. Yako utaiomba baadaye, kwa jina lako. Siku atakayokwenda msindikize mpaka mlango wa ofisi ya mkuu. Kuingia, aingie mwenyewe.