Kifo Ambacho Sikukihudhuria

Mheshimiwa Mtawa, nakuja kwako kichwa kikiwa chini, mimi mtu wa miaka hamsini na minane, mwigizaji wa filamu za magenge hapa Kyoto, si yule bosi wa kwenye mabango bali yule anayesimama nyuma yake na kupigwa risasi mapema, na kwa miaka thelathini nimekufa mara mia mbili na ushei bila kupewa hata jina, na mwaka jana nilikuwa nimelala kwenye damu ya rangi, mgongo umechorwa joka tangu alfajiri, ikaja telegramu kwamba mama yangu yu mahututi huko Tottori, nikaikunja, mwongozaji akasema, "Mzee Kuwabara, hebu kufa tena, safari hii polepole," nikafa tena, na jioni wenzangu wakanimiminia pombe ya sake wakisema, "Mwigizaji wa kweli haoni mzazi wake akikata roho!" nami, Mtawa, nilifurahi kusifiwa.

Dada yangu Shizue, aliyemuuguza, aliniambia mbele ya jeneza, "Tokuji, kufa ndiyo kazi yako, hongera. Mama alikufa mara moja tu, na hukuja."

Sasa ibada ya mwaka mmoja ni Jumapili ijayo, na siku hiyohiyo studio imenipa, kwa mara ya kwanza, nafasi ya mtu mwenye jina na sentensi nne za kusema. Shizue ameapa nisipofika nisikanyage tena kwake. Nifanye nini?

Kuwabara Tokuji

Bwana Kuwabara,

Nakuonea huruma, miaka thelathini ya kutotajwa jina si mzigo mdogo. Lakini usijifiche nyuma ya msemo wa wenzako. Msemo ule ni wa kumfariji aliyechelewa. Wewe ulikuwa na telegramu mkononi na treni ilikuwapo, ukaufanya msemo huo nishani. Tena huniulizi kama uende. Unaniomba ruhusa ya kutokwenda. Sikupi.

Leo hii mwendee mwongozaji, vua kofia, umwambie, "Siku hiyo nina mama." Akisogeza siku, mshukuru. Akimpa mwingine nafasi hiyo, inama uondoke bila kunung'unika. Utaumia, na maumivu hayo ni yako kuyabeba. Panda treni ya Ijumaa, si ya Jumapili. Usimpelekee dada yako hadithi za studio, wala usilie kwa ustadi, anakujua. Akikuketisha nyuma ya wageni, karibu na viatu vilivyovuliwa mlangoni, keti hapohapo. Siwezi kukuahidi kwamba atakusamehe. Sala zikiisha, kunja mikono ya vazi lako, ingia jikoni, uoshe vyombo vyote, hata asipokusemesha.